Mnara wa Chumbe na Kipimo cha Jengo la Taifa

Tunapozungumza juu ya majengo ya kale ya Unguja, aghalabu mawazo yetu hukimbilia Mji Mkongwe, kwenye majumba ya masultani, milango ya kuchongwa na baraza za mawe. Ni wachache wanaokumbuka kwamba kusini ya mji huo, mwendo wa kilomita 12 hivi kwa bahari, kipo kisiwa kidogo cha Chumbe, na juu yake umesimama mnara wa taa uliojengwa mwaka 1904. Katika makala haya tunakusudia kuutazama mnara huo kama kazi ya usanifu, kisha tulikabili swali lisiloepukika: je, jengo lililoamriwa na watawala wa kikoloni laweza kuhesabiwa kuwa sehemu ya utamaduni wa taifa?

Tuanze na neno lenyewe. Mnara ni neno lenye asili ya Kiarabu, na maana yake ya awali ni mahali pa nuru. Kiswahili kimelipanua neno hilo hata tukawa na mnara wa msikiti, mnara wa saa na mnara wa kumbukumbu. Basi tunaposema mnara wa taa, twalirudisha neno nyumbani kwake.

Mtu anayeutazama mnara wa Chumbe kwa mara ya kwanza huenda akaona kwamba hauna pambo la kustaajabisha. Hilo si upungufu. Umbo lake ni la mviringo, kwa hiyo upepo wa kusi na wa kaskazi hupita kandokando bila kukuta ubavu mpana wa kuupiga. Ndani yake ngazi yenye vipandio 131 huzunguka hadi juu. Urefu huo nao una sababu: kwa kuwa uso wa dunia umepinda, taa iliyo juu zaidi huonekana na nahodha aliye mbali zaidi. Kila sehemu ya jengo hili inajibu haja fulani, na uzuri wake umetokana na majibu hayo.

Yafaa tuulinganishe na mnara mwingine. Sultani Barghash alipojenga Beit al-Ajaib mwaka 1883, mbele ya jumba hilo ulikuwapo mnara wenye saa na taa, ukitazama bandari. Mnara huo ulitoa nuru, lakini vilevile ulitangaza fahari ya mwenye jumba. Tarehe 27 Agosti 1896 manowari za Uingereza ziliyapiga mizinga majumba ya Sultani, na mnara ukaharibiwa. Baadaye mnara mpya wa saa uliunganishwa na jumba lenyewe, nao ulianguka pamoja na sehemu ya Beit al-Ajaib tarehe 25 Desemba 2020. Ajali hiyo ilichukua maisha ya watu.

Hapa msomaji makini ataona kinaya cha historia. Dola ileile iliyoharibu mnara mmoja kwa mizinga ndiyo iliyosimamisha mwingine miaka minane baadaye. Hatuna budi kulisema hilo waziwazi. Watawala hawakujenga Chumbe kwa kumhurumia mvuvi wa Fumba; walihitaji njia salama kwa meli zao na biashara zao. Lakini nuru haibagui. Taa inayoiongoza meli ya tajiri humwonyesha njia mwenye dau pia.

Isitoshe, tukiutazama mnara kwa karibu tunakuta mambo ambayo hayakuletwa kwa meli. Umejengwa kwa mawe ya matumbawe, ambayo pamoja na chokaa ndiyo malighafi ya Mji Mkongwe, na kabla yake ya misikiti ya Kilwa na Gedi. Chini yake upo msikiti mdogo, wenye sura ya kihindi, uliojengwa kwa ajili ya walinzi wa taa. Hivyo kisiwani hapo ibada na kazi zilikaa pamoja, kama zilivyokaa katika miji yote ya pwani.

Mwaka 1926 mnara ulitiwa taa ya gesi. Miaka mingi baadaye, mwaka 1994, Serikali ya Zanzibar ilitangaza mwamba wa matumbawe wa Chumbe kuwa hifadhi. Upande wa magharibi wa kisiwa, unaopakana na njia ya meli, uvuvi ulikuwa haba kwa muda mrefu, na matumbawe yakasalimika. Leo zaidi ya aina 400 za samaki zimeonekana hapo. Baadhi ya wavuvi wa zamani wamefunzwa kuwa walinzi wa hifadhi, na gofu la nyumba ya mlinzi wa taa limefanywa kituo cha wageni, ambapo wanafunzi wa Unguja hupelekwa kujifunza.

Basi jibu letu ni hili. Jengo haliwi la taifa kwa sababu ya jina la aliyeliamuru tu. Huwa la taifa pale wananchi wanapolitunza na kulipa kazi. Beit al-Ajaib ilipendwa na kusifiwa na kila mtu, na bado ikaanguka; sifa hazizuii maji ya mvua kupenya ukutani.

Limebaki deni moja. Masimulizi ya Chumbe hutaja mwaka 1904 na utawala wa wakati ule. Waliopanda vipandio 131 kwenda kuiangalia taa hawatajwi. Walimu na wanafunzi wa Unguja wanayo kazi hapo: wawaendee wazee wa Fumba na Mji Mkongwe, waulize ni nani walioilinda taa, na wayaandike majina yao.