Mahadhi ya Kihindi, Mashairi ya Pwani

Enzi majumba ya sinema ya Wete na Chake Chake yalipokuwa hai, picha za Kihindi zilipendwa mno Pemba, ingawa watazamaji wengi hawakuijua lugha yake. Hadithi waliifuata kwa macho. Nyimbo waliondoka nazo.

Huko India Kusini mambo yalikwenda kinyume. Filamu ya Kitamil *Parasakthi* ya mwaka 1952, iliyomtambulisha Sivaji Ganesan, ilidumu kwa maneno yake. Mwandishi wake, M. Karunanidhi, baadaye Waziri Mkuu wa jimbo la Tamil Nadu, alimwandikia mshtakiwa hotuba ya mahakamani yenye Kitamil cha mapambo, na watu wakaihifadhi kwa moyo.

Filamu ya Kihindi *Awaara* ya Raj Kapoor, iliyotoka mwaka 1951, nayo imejengwa juu ya kesi: wakili Rita anamtetea Raj mahakamani, na maisha ya Raj yanasimuliwa kwa kurudi nyuma. Lakini hoja za wakili hazivuki bahari kirahisi. Kilichovuka, hadi Urusi, Uturuki na Zanzibar, ni wimbo mkuu wa filamu hiyo, ulioimbwa na Mukesh kwa muziki wa Shankar na Jaikishan.

Pwani ya Waswahili ilikwenda hatua moja mbele. Ilivua nyimbo za filamu maneno yake na kuzivisha mashairi.

Kazi hiyo ina ufundi wake. Mahadhi hutangulia, kisha maneno huyafuata. Shairi la kawaida lina mizani 16 katika mshororo, 8 kila upande, ilhali sauti ya filamu haijui hesabu hiyo: kipande kimoja chaweza kutaka silabi 6, kinachofuata 11. Mtunzi ama hufupisha kipande cha mshororo, ama humwachia mwimbaji avute silabi moja juu ya sauti tatu au nne. Kiswahili kinamsaidia, kwa kuwa silabi zake karibu zote huishia kwa vokali, na vokali huvutika. Mtego uko kwenye mkazo. Neno la Kiswahili hukazwa silabi ya pili kutoka mwisho. Mahadhi yakiangusha uzito kwenye silabi ya mwisho, neno hupinda na msikilizaji hushtuka. Vina, kwa upande wao, hufaidika, maana huangukia pale sauti inapotua.

Muundo haukuhitaji kubadilishwa sana. Mwanzo wa wimbo wa filamu, unaorudiwa kila baada ya ubeti, ukawa kiitikio. Vinanda vingi vya studio ya Bombay vikapunguzwa, harmonia ikabeba sauti na tabla ikashika mwendo.

Bingwa wa mtindo huu alikuwa Juma Bhalo wa Mombasa, aliyefariki mwaka 2014. Mashairi yake mengi yalitungwa na Ahmad Nassir, mwenye diwani ya *Malenga wa Mvita*. Unguja, vikundi vikubwa vya taarabu kama Ikhwani Safaa vilielekea zaidi mahadhi ya Misri. Pemba ipo katikati ya mikondo hiyo miwili.

Upungufu mmoja umebaki. Mtungaji wa mashairi hutajwa, mwimbaji husifiwa, lakini mwenye mahadhi hasikiki. Redio zinazopiga nyimbo hizi zingetangaza pia filamu zilikotoka, msikilizaji angeweza kuweka nyimbo mbili sambamba na kuupima ufundi wa malenga wetu kwa haki.