"Mwenyewe" Huyo Ni Nani?

Kwenye orodha ya wahusika wa dokumentari, mbele ya jina la mtu huandikwa: "mwenyewe". Neno hilo lisikuzuge, msomaji. Mtu anaweza kutokea kwa jina lake na sura yake, na bado akapangiwa uhusika na mwingine.

Chukua The King of Kong (2007) ya Seth Gordon. Steve Wiebe, jamaa wa jimbo la Washington, Marekani, amepunguzwa kazi. Anajifungia gerejini kwake kucheza Donkey Kong, gemu ya 1981: sokwe anarusha mapipa, wewe unapanda ngazi. Shabaha yake ni rekodi ya Billy Mitchell wa Florida, bwana wa nywele ndefu, tai shingoni, na biashara ya sosi ya pilipili. Watu wazima na ndoa zao, wanagombea mapipa! Utacheka. Kisha utashangaa unavyomwombea Wiebe ashinde.

Kuna mahali nilinyamaza kabisa. Wiebe yuko karibu na rekodi, mtoto wake anamlilia aje ampanguse, naye hawezi kuiachia mashine. Tukio hilo hakulipiga Gordon. Ni mkanda wa Wiebe mwenyewe, aliourekodi kuthibitisha alama zake. Kwangu mimi, hapo ndipo "mwenyewe" anapoonekana hasa.

Kwingineko naona mkono wa mhariri. Wiebe kafanywa malaika, Mitchell kafanywa shetani. Filamu inatuaminisha kuwa rekodi ya Mitchell ya 1982, alama 874,300, ilikaa bila kuguswa hadi Wiebe alipotokea. Si kweli. Mchezaji mwingine aliipita mwaka 2000, kwa alama 879,200. Mbona hayumo? Kwa sababu ngumi hupiganwa na wawili; wa tatu anaharibu pambano.

Najua mtanijibu: Mitchell si alinyang'anywa alama zake na Twin Galaxies, watunza rekodi, mwaka 2018, wakisema mikanda yake, ukiwemo ule wa kwenye filamu, haikutoka kwenye mashine halisi? Ndiyo. Mitchell akaenda mahakamani, na Januari 2024 wakapatana, alama zikarudishwa kwenye kumbukumbu zao za kihistoria. Lakini yote hayo Gordon hakuyajua akiwa kwenye meza ya kuhariri. Aliyemfuta mtu wa tatu hawezi kutetewa na uamuzi wa miaka kumi na moja baadaye.

Nasema haya kwa sababu sisi wenye kalamu ndio tunaofuata njia hiyo hiyo. Yule mzee wa mtaani anayefuga njiwa mia, tunamwandika "kichaa wa njiwa", basi. Jina lake tunaliacha, watoto aliowasomesha tunawafuta, maana wanapunguza utamu. Kesho ananunua gazeti, anajisoma, hajioni. Sinema ya Gordon ni tamu, itazameni. Ila mkimaliza, jiulizeni ni nani kaachwa nje ili iwe tamu hivyo.