Rimoti Isiyorudisha Kitu

Katika filamu ya Click (2006), iliyoongozwa na Frank Coraci, Adam Sandler ni Michael, msanifu majengo anayepewa rimoti ya kuendesha maisha yake. Anapunguza sauti ya mbwa, anaruka ugomvi na mkewe na siku za mafua. Tunacheka. Kisha rimoti inakariri anachopenda kuruka, inaanza kuruka yenyewe. Miaka inapita, mwili wake upo kazini na mezani, yeye hayupo.

Wengi huihesabu kuwa kichekesho chepesi. Mimi naiona nzito kuliko hivyo, kwa kanuni yake moja: kurudi nyuma ni kutazama tu, hakubadilishi kitu. Michael anarudi kuona mara ya mwisho alipokuwa na baba yake. Mzee amekuja ofisini kumwalika watoke pamoja. Mwana anamkatalia bila kuinua macho. Baba anamwambia anampenda. Michael anairudia sauti hiyo tena na tena, na kila mara yule wa mezani hajibu.

Ndiyo maana mwisho unaniudhi. Michael anakufa, kisha anaamka kitandani dukani, bado kijana, baba yake yu hai. Filamu iliyotuonyesha kuwa wakati haurudi inamrudishia wote.

Nina ujumbe wa sauti wa marehemu baba, sekunde 14, akiuliza nitakwenda nyumbani lini. Naweza kuurudia nitakavyo. Kuujibu siwezi. Kwangu Click inaishia pale ofisini, mzee akigeuka kwenda zake.