Waliochora Anga Kabla ya Safari

Mei 1944, jarida la Life la Marekani lilichapisha picha za sayari ya Zohali kama inavyoweza kuonekana kutoka kwenye miezi yake. Katika ile ya Titan, mmoja wa miezi hiyo, Zohali imetanda juu ya majabali yenye theluji, na pete zake zimebaki mstari mwembamba. Mstari ule haukubahatishwa: Titan huzunguka karibu sambamba na pete, kwa hiyo aliye huko huziona kwa ubavu, na Zohali humtokea pana takriban mara 11 ya Mwezi wetu. Kabla ya kugusa rangi, mchoraji wa picha hizo alipiga hesabu za pembe, na mara nyingine alifinyanga milima midogo, akaimulika na kuipiga picha ili ajue kivuli kinaangukia wapi. Kazi hiyo ya kuchosha ndiyo iliyozipa hadithi za kisayansi ardhi ya kukanyaga. Filamu ya Destination Moon ya 1950 ilijengwa juu ya michoro ya namna hiyo.

Wapo wanaosema wachoraji wa anga walikosea, kwani milima ya Mwezi waliichora kali kama meno ya msumeno, na safari za Apollo zikakuta vilima vya mviringo. Ni kweli. Lakini mwenzao wa Ufaransa, aliyekuwa pia mwanaastronomia, alishaichora ya mviringo katika kitabu chake cha 1937, kwa kuutazama ukingo wa Mwezi kwa darubini. Kilichopotosha ni kupenda mandhari ya kutisha kuliko kilichoonekana. Utaratibu wenyewe wa kutazama na kupima ulikuwa sahihi.