Mkono wa Mhariri: Mkato, Ukimya na Ushahidi katika Kazi za Nadia Ben Rachid

Uhakiki wa filamu kwa Kiswahili umerithi zana za uhakiki wa riwaya na tamthilia: dhamira, wahusika, mandhari na lugha. Kwa zana hizo, mwongozaji huonekana kuwa mtunzi, naye mhariri hubaki fundi asiyetajwa. Makala haya yanadai kwamba katika filamu za hali halisi zinazohusu uhalifu, pengo hilo lina madhara makubwa, kwa kuwa ni katika chumba cha uhariri ambapo huamuliwa shahidi atasikilizwa kwa muda gani.

Kigali yenyewe inatoa mfano. Aprili 1994, mpigapicha Mwingereza Nick Hughes, akiwa juu ya jengo, alirekodi kwa mbali watu wakiuawa kwenye kizuizi cha barabarani. Picha hizo ni miongoni mwa chache mno zinazoonyesha mauaji ya kimbari dhidi ya Watutsi yakitendeka. Katika taarifa za habari za kimataifa, waliouawa hawakuwa na majina, wala wauaji. Filamu ya Juan Reina, Iseta: Behind the Roadblock (2008), ilimrudisha Hughes mahali pale ili kuwatafuta waliowafahamu. Picha ni zile zile. Kilichobadilika ni kile kinachozitangulia na kuzifuata. Huo ndio uhariri.

Katika My Neighbor, My Killer (2009) ya Anne Aghion, mhariri Nadia Ben Rachid alikabiliwa na tatizo jingine. Filamu nyingi za uhalifu humnasa mtazamaji kwa kumficha muuaji hadi mwisho. Katika kilima cha Gafumba, ambako Aghion alirekodi kwa karibu miaka 10, hakuna siri ya namna hiyo: manusura na waliotuhumiwa ni majirani. Kinachotafutwa ni namna ya kuishi pamoja baada ya kutajana mbele ya mahakama ya gacaca. Kwa hiyo taharuki haina kazi hapa. Ben Rachid anaacha mwanamke amalize sentensi, kisha anyamaze, na ukimya huo unahesabiwa kuwa sehemu ya ushahidi.

Mwelekeo huo unaonekana pia katika filamu alizomhariria Abderrahmane Sissako. Katika Bamako (2006), Benki ya Dunia na Shirika la Fedha la Kimataifa zinashitakiwa uani, huku wakazi wakitia nguo rangi na harusi ikipita. Katika Timbuktu (2014), iliyompatia Ben Rachid tuzo ya César ya uhariri mwaka 2015, mfugaji anamuua mvuvi. Tunamwona kwa mbali akivuka maji, polepole, bila mkato wa kutuharakisha. Sifa hizi anashirikiana na waongozaji wake. Hata hivyo, ukumbi wa hukumu unaozungukwa na maisha ya kila siku ni uzi unaoziunganisha kazi hizi tatu.

Subira hii nayo ina mipaka. Mahakama za gacaca zilifungwa Juni 2012, baada ya kushughulikia karibu kesi milioni 2. Filamu ilikwisha kukamilika miaka mitatu kabla. Mkato wa mwisho ni hukumu isiyokatiwa rufaa: huzuni ya shahidi hubaki pale ilipokatwa, ingawa yeye anaendelea kuishi. Aidha, mtazamaji asiyejua Kinyarwanda, anayetegemea tafsiri iliyoandikwa chini ya picha, anaweza kuusoma ukimya wa manusura kama msamaha. Uhariri makini humpa mtu heshima ya kunyamaza, lakini hauwezi kumlinda dhidi ya tafsiri ya anayemtazama.

Tangu Kiswahili kiwe miongoni mwa lugha rasmi za Rwanda mwaka 2017, wajibu huo umekuwa wetu pia. Tukitaka kuzifundisha filamu hizi kwa Kiswahili, hatuna budi kuuhesabu mkato kuwa kipengele cha fani, na kuuliza kila mara: nani alikatizwa, na kwa manufaa ya nani?