Polibino: mnara uliozaliwa karakanani

Anayetembelea Polibino, milki ya zamani ya kabaila katika wilaya ya Dankov, mkoa wa Lipetsk nchini Urusi, hukuta vitu viwili ambavyo havielekei kuwa vya enzi moja. Kuna jumba kuukuu la familia na bustani yake ya miti, kama zilivyokuwa milki nyingi za matajiri wa karne ya 19. Kisha kuna mnara wa maji wa chuma wenye kimo cha mita 37 pamoja na tangi lake, mwembamba kiunoni, uliojaa matundu kiasi kwamba anga inaonekana upande wa pili. Ulibuniwa na mhandisi Vladimir Shukhov mwaka 1896, nao ndio mnara wa kwanza duniani wenye umbo ambalo wanahisabati huliita hiperboloidi. Wageni wengi husimama mbali, wakautazama, wakapiga picha, kisha wakaondoka wakiamini wameona pambo la tajiri au kazi ya fikra ya kimuujiza. Hoja ya uchambuzi huu ni kwamba dhana zote mbili zina kosa. Umbo la mnara ule lilijulikana zamani, na uzuri wake ulikuja kama faida ya ziada. Jipya ambalo Shukhov alilileta ni utaratibu wa kazi: njia ya kujenga kitu kilichopinda kwa kutumia vyuma vilivyonyooka, vya bei nafuu, ambavyo fundi wa kawaida aliweza kuvikata na kuviunga.

Tuanze na mahali ulikotoka, maana mnara huu haukujengwa kwa ajili ya Polibino. Mwaka 1896 Urusi ilifanya maonyesho makubwa ya viwanda na sanaa katika mji wa Nizhny Novgorod. Shukhov, aliyekuwa mhandisi mkuu katika kampuni ya Alexander Bari, alijenga pale mabanda manane yenye mapaa ya nyavu za chuma, mengine yakiwa yameinama kama matao na mengine yakining'inia, na pamoja nayo mnara wa maji. Miongoni mwa wenye viwanda waliohusika na maonyesho yale alikuwamo Yuri Nechaev-Maltsov, bwana wa viwanda vya vioo vya Gus-Khrustalny, ambavyo alikuwa amevirithi kwa mjomba wake mwaka 1880. Maonyesho yalipokwisha aliununua mnara, ukafunguliwa, ukasafirishwa zaidi ya kilomita 400 hadi milki ya familia yake karibu na sehemu za juu za mto Don, ukasimamishwa upya ili uwapatie watu na bustani maji. Safari hiyo ina uzito katika hoja hii. Jengo la matofali haliwezi kufunguliwa likapelekwa mkoa mwingine, wala mnara wa zege. Kitu kinachoweza kuhama namna hiyo ni kitu kilichobuniwa tangu mwanzo kama mkusanyiko wa vipande, na jinsi vipande hivyo vinavyoungana ndiyo siri yake yote.

Hisabati yenyewe haikuwa siri. Mwaka 1669 Mwingereza Christopher Wren alikwisha kuonyesha kwamba umbo hili lililopinda linaweza kuchorwa kwa mstari ulionyooka unaozungushwa kwa mshazari kuzunguka mhimili. Chukua pete mbili, moja juu na nyingine chini, uziunganishe kwa nyuzi zilizosimama wima, utapata silinda. Ukiizungusha pete ya juu kidogo, nyuzi zote zinalala mshazari na katikati panatokea kiuno, ingawa hakuna uzi hata mmoja uliopinda. Kadiri unavyozidi kuizungusha ndivyo kiuno kinavyozidi kubana. Ongeza kundi la pili la nyuzi zinazolalia upande wa pili, na umbo hilohilo linabebwa na makundi mawili yanayopishana. Kwa miaka zaidi ya 220 maarifa hayo yalikaa vitabuni na katika vielelezo vya madarasa ya jiometri. Wajenzi waliyapita. Kwa hiyo anayemsifu Shukhov kwa kugundua umbo anampa sifa isiyo yake, na papo hapo anamnyima ile anayostahili.

Sifa anayostahili inaanza na mahitaji ya kampuni aliyofanyia kazi. Kampuni ya Bari iliuza mabomba, matangi ya mafuta, boila na madaraja, na faida yake ilitegemea kilo za chuma zilizookolewa katika kila agizo. Mwaka 1878 Shukhov alisimamia ujenzi wa bomba la kwanza la mafuta la Urusi huko Baku, na baadaye akapiga hesabu za vipimo vya tangi la mafuta vinavyotumia chuma kidogo kuliko vyote kwa ujazo uleule. Mtu aliyezoea kuhesabu hivyo aliutazama mnara wa maji kama tatizo la gharama: tangi zito linatakiwa kukaa juu, upepo unapiga kutoka pande zote, na mteja hataki kulipia chuma kisicho na kazi. Ombi lake la hataza la Januari 1896, lililokubaliwa Machi 1899, linaeleza mnara wa nyavu uliofanywa kwa vipande vilivyonyooka, na vipande hivyo vinaweza kuwa boriti za mbao, mabomba ya chuma au vyuma vya pembe. Orodha hiyo inasema mengi. Mbunifu anayejali sura asingewaachia watu uhuru wa kuchagua kati ya mbao na chuma. Shukhov alikuwa akilinda njia ya kujenga, yaani namna ya kupanga vipande, malighafi iwe yoyote ile.

Tazama sasa mnara wenyewe. Sehemu ya nyavu ina kimo cha takriban mita 25. Chini ina upana wa karibu mita 11, na juu mita 4 na kidogo. Kati ya pete hizo mbili zimepita fito 80 za chuma cha pembe zilizonyooka, nusu zikilalia upande mmoja na nusu upande wa pili, na pete nyingine zimefungwa ndani kwa kupanda hadi juu. Katikati imepita ngazi ya mzunguko inayofika kwenye jukwaa. Tangi lilibeba lita zipatazo 114,000, yaani tani 114 za maji. Gawanya uzito huo kwa fito 80, na kila ufito unapata chini kidogo ya tani moja na nusu, ukiacha uzito wa tangi lenyewe na nyongeza ndogo inayotokana na kulala mshazari. Mzigo wa namna hiyo chuma chembamba kinaubeba bila shida kama hofu ingekuwa kupondwa tu. Tatizo ni kwamba ufito mrefu hauvunjiki kwa kupondwa. Hupinda kwanza, ukatoka nje ya mstari wake na kuanguka na mzigo wake. Hapo ndipo mpangilio unapoanza kulipa. Kila ufito unakutana njiani na fito za kundi la pili na kufungwa nazo kwa ribiti, na pete zinazikaba zote zisitanuke wala kusinyaa. Ufito wa zaidi ya mita 25 unakuwa mfululizo wa vipande vifupi. Kanuni ya uhandisi inasema ukipunguza urefu ulio huru kuwa nusu, uwezo wa kuhimili kabla ya kupinda huongezeka mara nne. Shukhov hakuongeza unene wa chuma. Alifupisha masafa kati ya maungio.

Kwa upepo hesabu ni tofauti kidogo. Fito zilizosimama wima peke yake zingeuacha mnara ujisokote na kuyumba, na mjenzi angelazimika kuongeza vyuma vya kukaza vya mshazari. Katika Polibino vyuma vyote ni vya mshazari tangu mwanzo. Upepo ukisukuma upande mmoja, kundi moja la fito linabanwa zaidi na kundi la pili linapunguziwa mbano, na mzigo unateremka hadi kwenye msingi kwa mistari iliyonyooka. Zaidi ya hayo, ukuta wa matundu unaupa upepo eneo dogo la kusukuma. Kwa hiyo kipande kimoja kinafanya kazi tatu: kinabeba maji, kinazuia kuyumba na kinamkaza jirani yake. Chuma kilichookolewa kimetokana na kazi hizo tatu kukutana katika ufito mmoja.

Msomaji anaweza kupinga kwamba yote haya yanasahau aliyelipa. Nechaev-Maltsov hakuwa mtu wa kubana senti. Ndiye aliyetoa sehemu kubwa ya fedha za kujengea Makumbusho ya Sanaa ya Moscow, yaliyofunguliwa mwaka 1912 na ambayo leo yana jina la Pushkin. Mtu kama huyo angeweza kuchimbiwa kisima na kujengewa mnara wa matofali kama majirani zake, kwa hiyo alinunua mnara huu kwa sababu ulimpendeza. Pingamizi hilo lina ukweli, lakini linajibu swali jingine. Linaeleza kwa nini mnara ulinunuliwa, halielezi kwa nini ulikuwa na sura ile. Sura ilikwisha kuamuliwa kabla mnunuzi hajatokea. Tena, makumbusho yaleyale yaliezekwa kwa mapaa ya chuma na vioo yaliyobuniwa na Shukhov huyohuyo, na mapaa hayo hayaonekani kutoka barabarani. Mwenye viwanda vya vioo alijua thamani ya kazi ya karakana hata pale ambapo haikuwa pambo.

Pingamizi la pili ni zito zaidi. Ikiwa njia hii ni nafuu kiasi hicho, mbona dunia haikujaa minara ya aina hii? Kwanza, kwa muda fulani Urusi ilielekea huko. Baada ya 1896 kampuni ya Bari ilijenga minara mingi ya maji ya aina hii, kama ule wa Mykolaiv wa mwaka 1907, na pia mnara wa taa wa Adziogol karibu na Kherson, wenye kimo cha mita 64. Kilele cha mwelekeo huo ni mnara wa redio wa Shabolovka mjini Moscow, uliokamilika mwaka 1922, mita 150, vipande sita vimepandana. Mpango wa awali ulikuwa mita 350 kwa takriban tani 2,200 za chuma, ilhali mnara wa Eiffel, ulio mfupi kuliko hapo, ulimeza zaidi ya tani 7,000. Vita vya wenyewe kwa wenyewe vilikausha chuma, kimo kikapunguzwa. Hata kwa kusimamisha, Shukhov alikwepa gharama: kila kipande kiliungwa chini, ndani ya mnara wenyewe, kikavutwa juu kwa winchi bila jukwaa la ujenzi. Mwaka 1921 kebo ilikatika wakati wa kuvuta kipande cha nne na kazi ikaharibika, jambo linaloonyesha kwamba njia hiyo ilikuwa na hatari zake. Pili, akiba ya Shukhov ilikuwa ya chuma, na ililipiwa kwa jasho. Kila makutano ya fito yanahitaji tundu lililopimwa sawasawa na ribiti iliyopigwa kwa mkono. Pale chuma kilipokuwa ghali na mafundi wa ribiti wengi, hesabu ilikubali. Chuma kiliposhuka bei, ujira ukapanda, na zege pamoja na uchomeleaji vikaenea, hesabu ikageuka. Kwa hiyo kufifia kwa njia hii hakuibatilishi hoja, kunaithibitisha. Umbo lingekuwa ndilo lililotawala, lingeendelea kujengwa bila kujali bei. Liliondoka pamoja na uchumi uliolizaa.

Ipo pia simulizi inayopendwa, kwamba Shukhov alipata wazo alipoona kapu la fito ofisini limepinduliwa na kubebeshwa chungu kizito cha mmea bila kubonyea. Inawezekana. Lakini makapu yalisukwa kwa maelfu ya miaka, na vyungu viliwekwa juu yake mara nyingi, bila mnara kutokea. Umbali kati ya kapu na mnara ni hesabu za mbano, hataza, karakana yenye vipimo na timu ya mafundi. Simulizi inapoachwa peke yake inaufuta umbali huo, na ndiyo maana wageni wanaondoka Polibino wakidhani wameona kipaji tu, wasione kazi.

Jambo hili lina matokeo ya vitendo kwa wanaohusika na kuhifadhi. Vyuma vyembamba vinaliwa na kutu haraka kuliko vinene, na minara ya Shukhov imepotea hata katika zama zetu: kando ya mto Oka, karibu na Dzerzhinsk, mwaka 2005 mnara mmoja wa umeme wa mita 128 ulibomolewa kwa ajili ya chuma chakavu, ukabaki mwenzake peke yake. Kama thamani ya mnara wa Polibino ingekuwa katika sura, ingetosha kubadili fito zilizooza kwa mabomba mapya yaliyochomelewa, na picha za watalii zisingeonyesha tofauti. Lakini ikiwa thamani iko katika njia ya kujenga, basi ukarabati wa namna hiyo unabakiza kivuli na kuharibu ushahidi. Kinachopaswa kulindwa ni ufito ulionyooka, tundu lake na ribiti yake. Anayekwenda Polibino, basi, asiridhike na kuutazama kwa mbali. Asogee hadi kwenye msingi, achague ufito mmoja, aufuate kwa macho kutoka pete ya chini hadi ya juu. Utakwenda umenyooka mwanzo hadi mwisho.