Sauti Inayotawala Akili: Uhakiki wa Filamu za Thorold Dickinson kwa Kuirejelea Men of Two Worlds

1.0 Utangulizi

Mwongozaji wa filamu Mwingereza, Thorold Dickinson (1903–1984), aliongoza filamu ndefu tisa tu za kubuni kati ya mwaka 1937 na 1955, na ni vigumu kupata mbili zinazofanana kwa sura. The Arsenal Stadium Mystery (1939) ni hadithi ya upelelezi ambamo wachezaji halisi wa timu ya Arsenal wanaonekana uwanjani. Gaslight (1940) inahusu hofu iliyofungiwa ndani ya nyumba ya wanandoa. The Prime Minister (1941) ni maisha ya Benjamin Disraeli. The Next of Kin (1942) ilikusudiwa kwanza kuwafunza askari. Men of Two Worlds (1946) inasimulia kisa cha Tanganyika, na The Queen of Spades (1949) ni hadithi ya Urusi iliyotokana na Pushkin.

Kwa kuutazama wingi huo wa tanzu, ni rahisi kuhitimisha kwamba Dickinson alikuwa fundi aliyeweza kutimiza kila kazi aliyopewa, lakini hakuwa na dhamira yake mwenyewe. Makala haya yanapinga hitimisho hilo. Hoja yetu ni kwamba filamu zake kuu zinarudia swali moja: akili ya mtu inatekwaje na sauti ya mtu mwingine? Aidha, tunadai kwamba swali hilo ndilo kipimo bora cha kuihakiki Men of Two Worlds, filamu inayotuhusu zaidi sisi wasomaji wa Afrika Mashariki, na kwamba kwa kipimo hicho filamu hiyo inapungukiwa.

2.0 Mume, Kikongwe na Mpenzi wa Zamani

Katika Gaslight, iliyotokana na tamthilia ya Patrick Hamilton, mume anahamisha vitu nyumbani kisha anamlaumu mkewe, Bella, kuwa ndiye aliyevihamisha. Usiku mume anapoitafuta johari katika orofa ya juu, mwanga wa taa za gesi chini hufifia. Bella anaona ufifiaji huo, lakini amekwisha kushawishiwa kwamba macho yake hayaaminiki. Dickinson hatumii vitisho vikubwa. Anatumia sauti ya upole, mlango unaofungwa na hatua zinazosikika darini. Kinachomwokoa Bella ni shahidi: askari mpelelezi mstaafu anayeuona mwanga uleule ukififia na kumthibitishia kwamba hana wazimu.

The Next of Kin inalihamishia swali hilo katika vita. Maneno ya kizembe ya watu wa kawaida yanaokotwa moja moja na majasusi, na mwishowe askari wengi wanakufa. Katika The Queen of Spades, ofisa Herman anamtia hofu kikongwe hadi anakufa, kisha yeye naye anatawaliwa na marehemu. Ni muhimu kutambua kwamba mzuka huo haumjii kwa umbo, bali kwa mchakacho wa gauni na mgongo wa fimbo sakafuni. Katika Secret People (1952), Maria, mkimbizi anayeishi London, anavutwa na maneno ya mpenzi wake wa zamani hadi anashiriki katika njama ya bomu linalomuua mhudumu asiye na hatia. Tanzu zinabadilika, lakini jeraha ni lile lile.

3.0 Kisenga na Magole

Men of Two Worlds inaanzia London, ambako mwanamuziki Kisenga anapiga kinanda katika onyesho la utunzi wake uitwao Baraza. Muziki huo kwa hakika ulitungwa na Mwingereza Arthur Bliss. Kisenga anarudi Tanganyika kusaidia mapambano dhidi ya malale. Serikali inataka kijiji kihame ili kukwepa mbung'o. Mganga Magole anapinga. Kisenga anapomkabili, Magole anamtabiria kifo, na kidogo kidogo ngoma za usiku zinaivunja nafsi ya msomi huyo.

Sehemu hii imesukwa kwa ustadi uleule wa Gaslight. Magole yuko mahali pa mume, Kisenga mahali pa Bella, na ngoma mahali pa taa. Lakini ulinganifu huo ndio unaoifichua filamu. Katika Gaslight, uwezo wa kuteka akili umo ndani ya nyumba ya heshima ya London na mikononi mwa mtu mwenye mamlaka. Katika Men of Two Worlds, uwezo huo umetolewa kwa wenye mamlaka na kukabidhiwa mganga peke yake. Mkuu wa wilaya na daktari wa Kizungu wanazungumza sauti ya akili timamu, nayo haitiliwi shaka.

Ni haki kukiri kwamba malale yalikuwa maradhi halisi, na kwamba watu walihamishwa kwa ajili yake katika Tanganyika ya kikoloni. Kasoro ya filamu haimo katika kuutetea utabibu. Kasoro imo katika kuwanyima wanakijiji shahidi. Mtu anayeambiwa auache ardhi ya makaburi ya wazee wake ana sababu ya kuuliza; filamu inaigeuza sababu hiyo kuwa ushirikina. Hivyo, wanakijiji nao wamo katika hali ya Bella: wanaambiwa na mwenye nguvu kwamba wanachokihisi si cha kweli. Tofauti ni kwamba hapa hakuna mpelelezi anayebisha hodi.

Pingamizi hili si la leo. Umoja wa Wanafunzi wa Afrika Magharibi mjini London uliulalamikia mswada wa filamu hii wakati huohuo ikiandaliwa. Aidha, Robert Adams aliyemwigiza Kisenga alitoka Guyana, na Orlando Martins aliyemwigiza Magole alitoka Nijeria. Tanganyika ilitoa mandhari na jina. Sauti kuu za kisa hazikutoka kwake.

4.0 Hitimisho

Makala haya yameonesha kwamba wepesi wa Dickinson wa kubadili tanzu haukuwa ukosefu wa dhamira. Hata hivyo, mwongozaji anaweza kuwa na dhamira thabiti na bado akashindwa kuifuata pale inapomgusa mwenye kutawala. Kuitupa Men of Two Worlds kwa kuwa ni filamu ya kikoloni tu ni kupoteza ushahidi, na kuisifu kwa ufundi wake tu ni kuusaliti ushahidi huo. Njia iliyo bora ni kuisoma kando ya Gaslight.

Jina la muziki wa Kisenga linatosha kuwa kipimo cha mwisho. Baraza, kwa wasemao Kiswahili, ni mahali pa kuketi na kusikilizana, na hata mwenye shauri baya hupewa zamu yake. Filamu ilikopa neno hilo ikalifanya tumbuizo. Iwapo ingelifanya kanuni ya usimulizi wake, Magole angejibiwa kwa hoja, wanakijiji wangesikilizwa, na Dickinson angeongeza kazi nyingine yenye ujasiri wa Gaslight.